Alama za Chuma Ukutani

Ijumaa, Mkunazini

Mtoto wa kaka yangu kafunga shule na zoezi moja zito: aandike kurasa mbili juu ya mahali pa kihistoria palipo chini ya ardhi, na awe amefika mwenyewe. Mwalimu wao aliwatolea mfano wa migodi ya Bara, Geita kwenye dhahabu na Mererani kwenye tanzanaiti. "Lakini sisi hatuna mgodi, shangazi," akaniambia kwa unyonge, kama mwenye kuomba radhi kwa niaba ya kisiwa kizima.

Nikamwambia avae viatu. Dhahabu hatuna, ni kweli, lakini Unguja ni jiwe, na jiwe hilo watu wamelichimba, wamelichoma chokaa, wamelijengea mji mzima. Na wapo waliolichimba ili wafiche ndani yake mambo wasiyotaka yaonekane. Baba yangu alikuwa mtu wa Jambiani, na ndugu yake, Ami yangu, amekula jasho la mawe miaka zaidi ya thelathini. Mtoto wa ukoo huo hawezi kusema kwao hakuna kilicho chini ya ardhi.

Tulianza karibu. Baada ya sala ya Ijumaa tukala, tukapumzika kidogo, na saa tisa tukawa kwenye lango la Kanisa Kuu la Anglikana. Mimi mzaliwa wa mjini, na njia hiyo nimepita tangu nabebwa mgongoni, lakini vyumba vya chini sijapata kuviingia hata siku moja. Nadhani wengi wetu tuko hivyo. Wageni wanatoka Ulaya kuja kuona, sisi tunapita na vikapu vya Darajani.

Kijana aliyetutembeza alianza kwa kutusimamisha uani. Hapa ndipo lilipokuwa soko la watumwa hadi Juni 1873, sultani Sayyid Barghash bin Said alipotia saini mkataba wa kulifunga. Hakufanya kwa hiari: Waingereza, na balozi wao John Kirk, walikuwa wamemshikia shingo. Mwaka huohuo, siku ya Krismasi, jiwe la msingi la kanisa likawekwa palepale. Askofu Edward Steere, aliyesimamia ujenzi, aliliezeka paa la zege lililochanganywa na matumbawe yaliyopondwa, na watu wakawa wanangojea lianguke. Mpaka leo liko juu. Steere alifariki 1882 na kaburi lake liko nyuma ya altare.

Vyumba viko chini ya jengo la jirani. Unashuka ngazi, unainama, na ukishaingia huinuki tena. Hata mtoto wa miaka kumi na mbili aliishika dari kwa kiganja. Kuna majukwaa ya mawe huku na huku, na mfereji katikati. Hewa inaingia kwa vitundu viwili vitatu vyembamba. Kijana alisema inasimuliwa kwamba chumba kimoja kilitiwa wanawake na watoto 75, na kingine wanaume 50. Kisha akasema neno lililonifanya nimheshimu: wapo wanahistoria wanaopinga, wanaosema jengo hili lilijengwa na wamisheni kama hospitali baada ya soko kwisha kufungwa, na kwamba vyumba hivi vilikuwa ghala zake. "Mimi nakupeni yote mawili," akasema. "Soko lilikuwepo, hilo halina ubishi. Vyumba, kila mtu atazame ukuta."

Atazame ukuta. Maneno hayo niliondoka nayo.

Nje tulisimama mbele ya sanamu aliyoichonga Msweden Clara Sörnäs mwaka 1998: watu watano ndani ya shimo, wameunganishwa kwa mnyororo shingoni. Yeye kachonga watu, lakini mnyororo ni wa kweli, wa wakati ule. Mtoto aliuangalia muda mrefu, hasa pale kutu ilipochubua shingo ya jiwe, halafu akauliza kama twaweza kurudi nyumbani. Tukarudi.

Jumamosi, Mangapwani

Daladala la Bumbwini lilijaa magunia ya unga na kuku wawili chini ya kiti. Njia hii ya kaskazini ni kama kitabu kilichofunguliwa upande wa bahari: Maruhubi na nguzo za kasri la Barghash lililoungua 1899, Mtoni alikokaa Sayyid Said, Bububu, halafu Chuini, kisha minazi na mikarafuu inaanza kubana barabara. Tulishuka njia panda ya Mangapwani, tukatembea. Upepo wa kusi ulikuwa mwanana na jua halijakasirika.

Kijana wa palepale kijijini alitupokea. Nikamwambia kabisa kwamba mtoto ana zoezi la shule, asituharakishe. Akafurahi. Alisema wageni wengi hukaa dakika kumi, wanapiga picha, gari linawangojea.

Alitupeleka kwanza kwenye pango la maji. Ni mdomo tu ardhini, katikati ya miti, ngazi zinashuka, na chini kabisa kuna bwawa la maji baridi. Hili halikuchimbwa. Hadithi ya wenyeji ni kwamba lilifichuliwa na kijana mtumwa wa Hamed bin Salim el-Harthy, aliyekuwa akimtafuta mbuzi aliyepotea. Akamsikia analia chini ya ardhi, akafuata sauti. Watu wakapata maji. Mtembezaji alieleza vizuri jinsi pango linavyozaliwa: mvua inaposhuka hubeba ukali kidogo, kama ule wa ndimu lakini hafifu mno, na jiwe letu la matumbawe ni chokaa, basi linalika taratibu mpaka linakuwa tundu, tundu linakuwa chumba. Akamwambia mtoto apapase ukuta. Laini, umeviringana, hauna pembe. "Maji hayana haraka," akasema. "Ukiona ukuta umeviringana hivi, ujue ni wao."

Nilikuja kuliona neno hilo kuwa ufunguo wa siku nzima.

Kutoka hapo ni mwendo wa miguu kuelekea pwani hadi chumba cha watumwa. Usikitegemee kukiona kwa mbali. Kinachoonekana ni paa la chini tu, kama tangi la maji lililozikwa nusu, na majani pembeni. Unashuka ngazi za mawe. Na chini, jambo la kwanza unaloliona, ukiwa umetoka kule pangoni, ni pembe. Kila kitu kina pembe. Ukuta umenyooka, umekutana na ukuta mwenziwe kwa pembe nne. Hapa maji hayakuwa na kazi. Hapa ni mkono wa mtu.

Historia yake kijana aliisema bila kupamba. Soko la mjini lilipofungwa biashara haikufa, ilizama. Mfanyabiashara Mwarabu, Mohammed bin Nassor al-Alwi, akatengenezesha chumba hiki kwenye mwamba, karibu na 1880. Watu walioletwa kwa majahazi kutoka Bara walishushwa hapa, mbali na macho ya balozi na manowari za Kiingereza zilizokuwa zikisaka, wakawekwa gizani mpaka usiku wa kupakiwa tena. Kuna njia nyembamba ya kuelekea baharini. Utumwa wenyewe, kama hali ya kisheria, haukuondolewa Zanzibar hadi Aprili 1897, wakati wa Sayyid Hamoud bin Mohammed. Hesabu mwenyewe: kati ya kufungwa soko na amri hiyo ni miaka karibu 24, na ndani ya miaka hiyo ndimo mlimo shimo hili.

Mtoto alikuwa anaandika kwenye daftari, kainama chini ya mwanga wa simu yangu. Akasimama.

"Nani alilichimba?"

"Mohammed bin Nassor," kijana akajibu.

"Yeye mwenyewe? Kwa mikono yake?"

Kijana akanyamaza. Nami nikanyamaza. Nimesoma juu ya Mangapwani mara nyingi, nimesikia ikisimuliwa redioni, na kila mara jina la mwenye shimo linatajwa na idadi ya waliotiwa shimoni inabishaniwa. Waliolichimba sikuwahi kusikia mtu akiwataja. Tajiri wa zama zile, mwenye mashamba na watumwa, hakushika sururu. Na kazi ya siri haitangaziwi vibarua. Kijana akafika mahali nilipokuwa nimefika, akasema polepole, "Itakuwa ni haohao. Watumwa wake. Waambiwe chimbeni, na wao ndio wajuao kinachimbwa cha nini."

Tukaanza kutafuta. Sikupanga kufanya hivyo, lakini damu ya mawe ilinipanda. Nikaweka simu ubavuni mwa ukuta, mwanga ukapita kwa upande badala ya kupiga usoni, kama Ami alivyokuwa akifanya na kibatari tulipokuwa wadogo, akitafuta ufa. Na ukuta ukageuka. Uliokuwa umekaa kama uso mmoja wa kijivu ukajaa mistari. Mengine ni mifereji mirefu ya upana wa kidole, inayoshuka wima. Mengine ni mikwaruzo mifupi, imelala, mmoja juu ya mwenziwe, kama magamba ya samaki. Mtoto alitia kidole chake cha shahada ndani ya mfereji mmoja, kikaingia barabara. Akakiburuta kutoka juu hadi chini, taratibu, na hapo mfereji ulipokoma, kwenye kijishimo kilichopondeka, akakiacha kidole kimetulia. "Hapa chuma kilikwama," akasema.

Kijana naye alikuwa kaganda. Alisema kashuka ngazi zile tangu mdogo, na alama hizo hajaziona.

Nilipiga picha kumi na tisa. Tulipotoka juu jua lilikuwa kali ghafla na mama mmoja akatuuzia madafu. Tukabadilishana namba za simu na kijana, nikamwahidi kumpelekea atakachosema Ami.

Jumapili

Mvua tangu alfajiri. Nimesafisha picha, nimewapelekea nduguze mtoto, nimepika mhogo wa nazi. Hatukwenda popote.

Jumatatu, Jambiani

Kutoka mjini kwenda kusini mashariki unavuka mpaka ambao mgeni hauoni lakini sisi tumeuzoea. Hadi Tunguu na mbele kidogo udongo ni mwekundu, mzito, unaotoa migomba na michungwa. Ukishapita msitu wa Jozani na Kitogani unaingia uwandani: mawe kila mahali, kichaka kifupi, udongo uko kwenye vishimo vya mawe tu. Huko ndiko kwetu. Watu wa uwandani tumelelewa na jiwe na bahari, na siku hizi mwani.

Ami alikuwa barazani, kavaa msuli na kofia. Kamaliza miaka sabini na kitu na mgongo umepinda, lakini viganja bado ni vya chuma.

"Shikamoo Ami."

"Marahaba mwanangu. Na huyu ndiye mwandishi?"

Mtoto akambusu mkono. Chai ikaja, na boflo. Nikampa simu, nikakuza picha. Ami hakuishika kwanza. Aliitazama kwa mbali, kisha akaichukua, akaisogeza karibu na jicho lake zima, akaanza kuisoma. Sina neno jingine, alikuwa anasoma.

"Huu mrefu ni mtaimbo," akasema, akionyesha mfereji wima. "Mtu kasimama juu ya ukingo, anaudondosha kwa uzito wake, anaunyanyua, anaudondosha. Unakata ubavu wa mwamba. Ndiyo maana umenyooka. Hapa juu wote wamenyooka. Sasa shuka." Nikashusha picha. "Hapa chini mtaimbo hauna nafasi, anaingia mwenye sururu. Haya magamba ni sururu. Na tazama yalivyo mafupi. Kachuchumaa. Aliyesimama anatoa gamba refu, maana mkono unazunguka. Huyu kakunjwa, hana pa kuuzungushia mkono."

Nikamwuliza mwamba ule ni mgumu kiasi gani. Akasema jiwe letu likiwa bado ndani ya ardhi ni bichi, linakubali chuma, likishapigwa na jua na upepo ndipo linapokaza. Hata hivyo si mchezo. Yeye na mwenzake, watu wawili wenye nguvu zao, shimo la upana wa kitanda, siku nzima kuanzia alfajiri, walikuwa wakifika kina cha goti. Halafu unakuta tale, jiwe la chini lililokaza kama chuma, siku tatu hutoki hapo. "Na sisi tulikuwa tukienda nyumbani jioni," akaongeza.

Kisha akaniuliza swali ambalo hakuna kitabu kilichoniuliza. "Kifusi walikitia wapi?"

Sikuelewa.

"Shimo la siri, mwanangu. Chumba kizima kimetolewa ardhini. Mawe yake ni rundo la nyumba. Rundo hilo mtu akipita njiani hulioni? Ama walilibeba usiku kulitupa baharini, ama walilichoma chokaa, maana tanuri la chokaa halimshangazi mtu. Lakini limebebwa. Kwa kichwa, kwa pakacha. Kila jiwe lililotoka mle lilipanda ngazi juu ya kichwa cha mtu."

Mtoto aliacha kuandika. Ami akamchukua mkono, akamsimamisha ukutani pa nyumba, akampa mkongojo wake ashike kama sururu. "Piga." Mtoto akapiga hewani. "Umeona? Unatokea bega la kulia, unashukia kushoto. Kila mtu wa kulia, gamba lake linaanzia juu kulia, linamalizia chini kushoto. Huwezi kulibadilisha hata ukitaka, ni kama hati ya mkono." Alirudia na kila picha, akizungusha simu, na mtoto akawa anatoa jibu kabla hajaulizwa: kulia, kulia, kulia.

Jioni tulikwenda pwani kutazama kina mama wakirudi na mwani. Ami hakuja. Alibaki barazani na simu yangu, akizipitia zile picha upya.

Jumanne, Kuumbi

Ami alishikilia kuja nasi, mgongo au si mgongo. Kijana mwenye bodaboda ya magurudumu matatu akatupeleka hadi njia inapokoma, kisha tukatembea kati ya mawe makali na vichaka, mtembezaji wa kijiji mbele, mimi nikimshika Ami mkono.

Kuumbi ni pango kubwa. Dari yake imeporomoka sehemu mbili tatu, mwanga unamiminika ndani pamoja na mizizi ya miti, na kwingine ni giza na popo. Mawe yananing'inia juu, mengine yameota kutoka chini kukutana nayo. Mdomoni Ami alisimama akapiga hodi, kama alivyofundishwa na wazee wake, maana hapa ni mahali pa mizimu na watu bado wanaleta ubani na vitambaa. Nami nikapiga hodi. Sikuona ugumu wowote kuheshimu nyumba ya wengine.

Ami alipapasa ukuta kwa muda mrefu, na mtoto akawa anamngojea. "Hili ni maji," mtoto akasema. "Ndiyo," Ami akajibu. "Hili ni maji tu."

Lakini na hapa watu wamechimba, kwa namna yao. Tangu 2005 watafiti wamekuwa wakifungua sakafu ya pango, mwanzo Profesa Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na wenzake, baadaye timu nyingine. Mtembezaji alituonyesha mahali, ardhi imekaa kidogo tu chini ya pande zake. Walichokikuta kinabadilisha kichwa cha mtu. Chini kabisa kuna mabaki ya watu walioishi humu zama za mawe, karibu miaka 20,000 iliyopita, na mifupa ya wanyama waliowala: punda milia, nyati, kuro.

"Punda milia? Jambiani?" Ami akakaa juu ya jiwe.

Mtembezaji akamweleza kwa adabu na kwa mpangilio mzuri. Zama hizo sehemu kubwa ya maji ya dunia ilikuwa imeganda barafu, bahari iko chini sana, na mkondo wa kati yetu na Bara, ambao hauna kina kirefu, ulikuwa nchi kavu. Unguja haikuwa kisiwa, ilikuwa ncha ya Bara. Wanyama walikuja kwa miguu, na watu vilevile. Barafu ilipoyeyuka bahari ikapanda, ikawafungia, na kwa maelfu ya miaka wanyama wakubwa wakaisha mmoja mmoja. Pemba ni mbali na hadithi hii, mkondo wake ni wa kina kikubwa, nayo ilijitenga zamani mno kabla. Pango likahamwa, kisha watu wakarudi tena katika zama za chuma.

Wamekuta pia ncha nyembamba za mifupa zilizochongwa, za mishale, nyembamba kiasi kwamba watafiti wanaona hazingeweza kumwua mnyama mkubwa bila kupakwa sumu.

Ami hakushikwa na mishale. Alitaka kujua walichimba kwa chombo gani. "Kwa mwiko, mzee. Na brashi."

"Mwiko huu wa fundi wa kupiga lipu?"

"Huohuo. Wanakwangua tabaka nyembamba, udongo wote wanautia ndoo, unachekechwa, jino la panya halipotei. Wanaandika kila kitu. Wakimaliza wanafukia."

"Kwa kifusi chake mwenyewe?"

"Kwa kifusi chake mwenyewe."

Ami aliitikia kwa kichwa mara kadhaa. Alinitazama, nami nikajua anawaza Mangapwani: kwamba hapa mtu kala nyama maelfu ya miaka iliyopita na tumejua alikula nini na mshale wake ulikuwa mwembamba kiasi gani, maana aliyechimba alitaka kujua. Na kule, juzi tu, zama za babu wa babu yangu, watu wamekata chumba kizima kwenye mwamba na hakuna aliyeandika hata idadi yao. Nilitaka kulisema hilo kwa mtembezaji, koo likanikaza. Nikamwambia asante tu.

Mtoto ameomba abaki kwa Ami mpaka likizo iishe. Nimemwachia daftari. Nimepanda daladala la jioni peke yangu.

Alhamisi, mjini

Jana usiku nilimpelekea kijana wa Mangapwani maneno yote ya Ami, mtaimbo na sururu, aliyesimama na aliyechuchumaa, suala la kifusi. Leo mchana kanipigia. Amepata wageni asubuhi, familia kutoka Dodoma na wazungu wawili. Amewashusha ngazi, na kabla ya kuwatajia jina la mwenye shimo kawasimamisha ukutani, kazima taa kubwa, kaweka simu ubavuni. Kila mmoja katia kidole. Mama wa Dodoma alilia, akasema hajui analilia nini.

Akaniambia pia kwamba baada ya wao kuondoka alibaki peke yake akapitia ukuta wote, kona kwa kona, jambo ambalo hajawahi kulifanya. Na kwenye chumba cha ndani, chini, karibu na sakafu, kakuta kipande cha ukubwa wa mkeka wa kusalia ambacho magamba yake yamelala vingine. Kanitumia picha. Nikaipeleka Jambiani kwa simu ya jirani wa Ami, na nikamwomba mtoto amwonyeshe.

Jibu limekuja baada ya Magharibi, sauti ya mtoto, mbio mbio, na kuku nyuma yake. "Shangazi, Ami kaitazama mara tatu. Kanisimamisha tena ukutani na mkongojo. Anasema mwambie yule kaka, haya yanaanzia kushoto juu. Anasema huyo alikuwa mtu mmoja tu, na alikuwa anatumia mkono wa kushoto."